Sahani Kumi na Mbili za Ndama

Jumatatu, 6 Februari 1984
Asubuhi mawingu mazito, manyunyu saa moja, kisha jua kali.

Dada yangu,

Shikamoo. Mimi huku mzima, goti tu ndilo linalonikumbusha kwamba nasimama kutwa nzima juu ya sakafu ya saruji. Mapacha wako wamezoea shule? Niliambiwa wa kike ndiye anayembebea wa kiume mfuko, na pia ndiye anayempigania. Mpe shemeji salamu zangu. Mwambie lori lake likipita huku asituvuke kama dereva wa ambulensi. Asimame angalau anywe maji.

Sasa jambo lililonifanya nishike kalamu. Wiki iliyopita muuza vitunguu alitufungia mzigo kwa gazeti la Jumatano. Nililikunjua mezani nikaona tangazo: hosteli ya wahandisi wanaojenga daraja huko mjini kwenu inatafuta mpishi anayejua chakula cha Kitaliano. Dada, nilisoma mara tatu. Miaka kumi na moja napika hapa hospitalini chakula kisicho na chumvi, kisicho na mafuta, na kwa wodi ya wazee kisichohitaji meno. Kabla ya hapo, kama unavyokumbuka, nilikaa miaka minne jikoni kwa Mama Mhandisi, na yule mama wa Kitaliano hakunifundisha kupika tu, alinifundisha kupenda kupika. Tangu aondoke sijapika sahani hata moja ambayo mtu alikuja jikoni kunishukuru.

Maombi yanatakiwa yapelekwe kwa mkono, na majibu yatatumwa kwa anwani ya hapo mjini tu. Kwa hiyo nimeandika sanduku lako la posta. Ndani ya bahasha hii kuna barua ya maombi, cheti changu cha sekondari na barua ya sifa ya Mama Mhandisi. Ni vyenyewe, si nakala. Naomba uvipeleke mwenyewe, usimtume mtu. Matroni wangu hajui lolote, na sitaki ajue mpaka niwe nimepata.

Mdogo wako,
Katibu


27 Februari 1984

Katibu wangu,

Marahaba! Yaani wewe kila barua lazima uanze na mvua na jua kama redio ya asubuhi. Tangu usichana wako unaandika kila kitu, ndiyo maana tukakuita Katibu. Ukifika mbinguni utamuuliza malaika wa mlangoni, "Leo asubuhi kulikuwaje hapa?"

Bahasha nimepeleka. Pana mlinzi mmoja mwenye kofia kubwa kuliko kichwa. Nilimwambia akipoteza karatasi za mdogo wangu nitampoteza yeye. Akacheka, akaniandikia risiti. Sasa tunasubiri. Mapacha wazima, wanakula kama nzige.

Halafu nina ombi. Ile nyama ya ndama ya Mama Mhandisi, ile inayovikwa mkate, inapikwaje hasa? Nakumbuka ulitupikia mara moja tu, na mimi nilikuwa na mimba ya hawa wawili, nilikula vipande vitatu bila haya. Nataka niwapikie wanangu nyumbani Jumapili moja, nao waseme mama yao si wa mchezo. Niandikie kama unavyoandika wewe, moja moja, usiruke kitu.

Dada yako,
Mama Mapacha


Jumamosi, 10 Machi 1984
Asubuhi baridi, umande kwenye majani, hakuna upepo.

Dada,

Shikamoo. Barua yako nilipewa juzi saa nne, nikaisoma nyuma ya stoo. Asante kwa kunifikishia bahasha. Mzee Masufuria, yule anayetuoshea vyombo, anakusalimia ingawa hakujui. Husema dada wa Katibu lazima awe mcheshi, maana sura ya kazi katika familia nimeibeba mimi peke yangu.

Nyama hiyo huitwa kotoleta, na inapikwa hivi. Mwambie mchinjaji akupe paja la ndama, si bega, akate vipande vya upana wa kiganja. Weka kila kipande katikati ya karatasi mbili za nailoni, ugonge kwa chupa au mchi, kuanzia katikati kwenda pembeni, mpaka unene uwe kama sarafu mbili zilizopandana. Usigonge kwa hasira; Mama Mhandisi alikuwa akisema nyama haikukukosea kitu. Pembeni kuna utando mwembamba, ukate kidogo kidogo kwa ncha ya kisu, la sivyo kipande kitajikunja motoni kama jani kavu. Kausha kwa kitambaa.

Panga sahani tatu: ya kwanza unga wa ngano, ya pili mayai yaliyopigwa na chumvi, ya tatu chenga za mkate wa juzi uliosagwa, pamoja na jibini ngumu iliyokunwa. Mkono wa kulia uguse vikavu tu, wa kushoto uguse yai tu. Ukichanganya mikono, vidole vyako ndivyo vitakavyovaa mkate. Unga kwanza, kung'uta. Yai, acha lidondoke. Kisha chenga, bonyeza kwa kiganja. Kaanga kwa siagi iliyotiwa mafuta kidogo ili isiungue, dakika mbili na nusu kila upande, na ugeuze mara moja tu. Limau huja mezani, si jikoni.

Hosteli hawajaandika bado? Angalia sanduku kila Jumanne na Ijumaa, ndizo siku za mzigo mkubwa. Kuhusu shemeji hujasema lolote. Yuko safari?

Mdogo wako,
Katibu


29 Machi 1984

Katibu,

Marahaba. Nimejaribu. Balaa tupu! Mkate ulibanduka wote, ukabaki kuogelea kwenye siagi peke yake, nyama ikabaki uchi kama mtu aliyeibiwa nguo mtoni. Nimekosea wapi? Nilifuata kila neno, hata mikono sikuichanganya.

Na jambo jingine. Mtu akitaka kupika sahani kumi na mbili, zote zifike mezani za moto na mkate wake mkavu, anafanyaje? Nina wageni fulani. Nijibu upesi, tafadhali, kabla ya mwisho wa Aprili.

Hosteli kimya. Hao watu hawana haraka, wana daraja la kujenga. Vuta subira.

Dada yako


Jumapili, 8 Aprili 1984
Asubuhi mvua kubwa tangu saa kumi na moja, ua wote wa jiko umejaa maji.

Dada,

Shikamoo. Nimechukua zamu ya leo kwa sababu mwenzangu ana mtoto mgonjwa, kwa hiyo naandika juu ya gunia la mchele.

Kosa si lako, ni langu. Niliruka kitu. Kwa Mama Mhandisi nyama ikishavikwa mkate tuliipanga kwenye wavu, pasipo joto, na katika muda huo tukaosha vyombo. Kwangu mimi ile ilikuwa nusu saa ya kuosha vyombo, sikuwahi kuihesabu kuwa ni sehemu ya mapishi. Nimekaa juzi nikijiuliza kwa nini yangu haibanduki, ndipo nikaona. Ni ile nusu saa. Mkate unashikana na yai, yai linashikana na nyama. Usiifunike, usiipandanishe, usiiguse. Nusu saa kamili kwa saa ya ukutani, si ya kukisia.

Kwa sahani kumi na mbili, kaanga vipande viwili viwili, kila baada ya mizunguko mitatu umwage siagi uanze na mpya. Vilivyoiva vipange kwenye wavu juu ya sinia, ndani ya oveni yenye moto mdogo, mlango ukiwa wazi kidogo. Ukivifunika, mvuke utalowesha kazi yako yote.

Lakini Dada, sahani kumi na mbili? Nilipokuja kwako nilihesabu viti vinne, na kimoja kilikuwa cha kuegemea ukuta. Na oveni utaipata wapi? Sikuulizi kwa ubaya. Nafurahi tu kama mambo yamekunyookea. Shemeji amenunua?

Kwa dereva wa kampuni ya mbao nimekutumia nyundo yangu ya kugongea nyama, ile ya mti mzito niliyoachiwa na Mama Mhandisi. Utaitumia mpaka mimi mwenyewe nitakapokuja kuichukua, Mungu akijalia hosteli waniite.

Mdogo wako,
Katibu


20 Mei 1984

Mdogo wangu,

Marahaba. Samahani kwa kukawia, nilikuwa na shughuli nyingi. Nyundo ilifika. Ile nusu saa yako ni dawa. Mkate ulishika kama rangi ya ukutani.

Kuhusu hosteli, pole sana. Nimesikia wamekwisha mchukua mtu. Ndivyo dunia ilivyo, riziki mafungu saba. Wewe una kazi yako hapo, Matroni anakupenda, usijitie huzuni. Mapacha wanakusalimia.

Dada yako


Jumanne, 12 Juni 1984
Asubuhi kavu, upepo wa vumbi, jua lilitoka jekundu.

Dada,

Shikamoo. Naiandika kwa sababu nililelewa kuamkia wakubwa.

Jana saa tatu na robo Matroni aliniita ofisini. Nilikwenda na aproni, mikono imejaa unga. Alikuwa amevaa miwani yake ya kusomea, ana karatasi mkononi.

"Kaa," akasema.

"Nitachafua kiti, Matroni."

"Basi simama, upokee hongera zako. Naona umepata kazi mpya. Ila aproni yangu bado unayo."

Nikadhani ananitania. Nikamwambia, "Matroni, kazi ipi? Mimi nimeamkia kwenye masufuria yako."

"Hata mimi nimeshangaa. Nimekuona asubuhi unagombana na muuza maziwa, na hapa wameniandikia kwamba uliacha kazi kwangu kwa hiari yako mwezi wa nne. Ama una pacha, ama una mabawa."

Akanipa nisome. Barua ya hosteli, yenye mhuri. Imeandika jina langu kamili, majina yote matatu, na tarehe yangu ya kuzaliwa. Inasema kwamba mimi nilifanyiwa majaribio tarehe 5 Mei, nikapika ndama kwa sahani kumi na mbili, na mpishi wao mkuu alipendezwa hasa na jinsi ninavyoipumzisha nyama kwenye wavu kwa nusu saa. Inamwomba Matroni athibitishe kwamba nilikuwa mfanyakazi wake, ili nithibitishwe kazini.

Dada, ile nusu saa niliiandika kwa mkono wangu Jumapili ya tarehe 8 Aprili, juu ya gunia la mchele.

Nilishika ukingo wa meza. Matroni aliacha utani. Akauliza, "Nani huyu?" Nikashindwa kusema neno "dada". Nilisema, "Namfahamu." Akatazama unga niliouacha mezani, akasema: "Mhuri wa hospitali sitaupiga juu ya uongo. Lakini ukweli huu ni wa nyumbani kwako, kwa hiyo nakupa mpaka tarehe 7 Julai uniambie niwajibu nini. Baada ya hapo nitawajibu mwenyewe."

Nimesoma tena barua zako zote kwa tarehe. Ulipoandika "hosteli kimya", barua ya kuniita ulikuwa nayo. Sivyo? Nataka unijibu hilo tu. Usiniandikie mzaha.

Katibu


25 Juni 1984

Mdogo wangu,

Ndiyo. Ilifika tarehe 19 Machi, pamoja na karatasi zako. Niliifungua nikiwa na nia ya kukutumia, haki ya Mungu. Nikailaza chini ya godoro siku tatu. Siku ya nne nikatoka kwenda kununua nyama.

Umeuliza habari za shemeji yako kila barua mpaka nikatamani kalamu yako ikauke. Aliondoka Desemba. Lori alihamia nalo mtaa wa tatu kutoka hapa, kwa mwanamke mwenye duka la vioo, na huko ndiko anakolala. Sikukuambia kwa sababu ulinionya kabla sijaolewa, na wewe ukishaandika jambo kwenye daftari lako halifutiki. Nilipokwenda hosteli na barua ile, mlinzi mwingine alisoma jina lako akaniambia, "Karibu, dada mpishi," kwa heshima, kwa sababu ya zile karatasi. Mimi tangu Desemba hakuna aliyenikaribisha mahali. Mtu wa darasa la saba, nani atampa kazi? Karatasi zako zilinisemea.

Jina ni nini, Katibu? Tumetoka tumbo moja. Wewe una kazi, una chumba chako, huna mtoto wa kumfunga kamba za viatu. Mimi nina wawili. Mwambie Matroni akubali, halafu akuandike upya kama kibarua kwa jina la ukoo wa mama, nani atajua? Hospitali ni kubwa.

Damu nzito kuliko maji. Usinivunjie nyumba ambayo tayari ina nguzo moja.

Tena, nisaidie hili: wiki ya pili ya Julai wanataka mchuzi wa nyanya wa kuwekwa juu ya ndama, na jibini iyeyuke. Mpishi mkuu anasema ninaujua, maana Mama Mhandisi ameutaja kwenye barua ya sifa. Niandikie kama kawaida yako, usiruke kitu.

Dada yako


Alhamisi, 5 Julai 1984
Asubuhi ukungu mpaka saa tatu, kisha wingu jepesi.

Dada,

Shikamoo.

Nimeandika barua hii mara nne. Tatu nimezichana kwa sababu zilikuwa na matusi, na sitaki matusi yangu yakae kwako pamoja na cheti changu.

Ungeniandikia Desemba, "Mdogo wangu, mume ameondoka," ningekutumia nauli siku ileile, mkaja nyote watatu, tukabanana. Ungeniandikia Machi, "Wamekuita, lakini nimeshikwa na tamaa, niachie," labda ningelia, labda ningekuachia. Sijui. Hukuniuliza. Uliniuliza kwa nini mkate unabanduka. Na mimi, kwa furaha, nikakaa siku nzima nikitafuta jibu, nikakutumia na nyundo.

Unasema jina ni nini. Kwenye karatasi za hosteli mimi ndiye mpishi wa wahandisi. Kwenye karatasi unayotaka Matroni aandike, nimekwisha ondoka hapa. Kwa hiyo huko nipo na sipo, na hapa sipo nami nipo. Unanitaka nitumie jina la ukoo wa mama ili wewe utumie langu. Ukichoka nalo utalirudisha likiwa na nini?

Jana nilimwambia Matroni aandike ukweli: kwamba mwenye jina hili hajatoka jikoni kwake hata siku moja. Aliniuliza kama nina hakika. Nikasema ninayo. Akaniuliza tena, nikamwomba asiniulize mara ya tatu.

Barua yake itaingia posta Jumatatu tarehe 9. Hii yangu anakuletea dereva wetu kwa mkono, utaipata Ijumaa jioni. Una siku mbili tatu za kumwendea mpishi mkuu mwenyewe, kumwambia jina lako na kunirudishia karatasi zangu. Mwambie ulijifunza kwa barua. Mtu aliyejifunza kotoleta kwa barua akavika sahani kumi na mbili bila mkate kubanduka si mtu wa kufukuzwa ovyo. Na akikubakiza kwa jina lako, mimi sitakuja kuidai ile nafasi. Nakuahidi hilo kwa maandishi. Ukinyamaza, barua ya Matroni itasema badala yako.

Mchuzi wa nyanya sikuandikii.

Watoto hawakunikosea. Ndani ya bahasha kuna tiketi mbili za basi la Jumamosi tarehe 14, za watoto. Kondakta ni jirani yangu, atawakabidhi kwangu mkononi. Watakaa na kusoma huku mpaka utakaposimama. Kitanda nimeazima, godoro nimenunua. Tiketi ya tatu sikununua kwa makusudi. Sitaki kukuona kwa sasa, na sijui "kwa sasa" hii ni ndefu kiasi gani.

Mdogo wako


Daftari langu
Jumamosi, 14 Julai 1984
Asubuhi jua zuri, mchana wingu, jioni tulivu.

Basi liliingia saa kumi na moja na dakika kumi. Mapacha wameshuka wameshikana mikono, mfuko mmoja, kila mtu kamba za viatu zimefungwa vizuri, mafundo mawili mawili. Nimeukagua mfuko: nguo, madaftari, sabuni. Barua hakuna. Cheti hakuna.

Nikamuuliza wa kike, "Mama yenu mmemwacha wapi?"

"Ametupeleka stendi, halafu amekwenda kazini. Leo wana wageni."

"Amekwenda amevaa nini?"

"Aproni nyeupe. Anayo mbili." Akasema kwa kujivuna.

Kwa hiyo hajasema. Barua ya Matroni ilitoka Jumatatu. Niliona inapigwa mhuri dirishani kwa macho yangu. Itakuwa imefika, au inafika Jumatatu ijayo.

Mchinjaji alikuwa na paja la ndama, nikanunua vipande vitatu. Watoto walisimama pande mbili za meza wakitazama. Sikuwa na nyundo, nikagonga kwa chupa ya soda. Wa kiume akasema, "Hii ndiyo alikuwa anapika Mama sana."

"Mkawa mnakula?"

"Sisi tulikuwa tunapewa ule mkate ulioanguka. Ulipoacha kuanguka, ikawa hakuna tena. Alikuwa anaikata katikati anaitazama, halafu anauza kwa jirani anunue nyingine."

Nikaweka nyama kwenye wavu, nikawaambia tusubiri nusu saa. Waliona ndefu mno. Tulikula saa moja na nusu. Wa kiume alimaliza chake, akanitazama, nikamkatia nusu ya changu. Wa kike alikula polepole, akiufungua mkate kwa ncha ya uma kuangalia kilichomo, kama mtu anayekagua mzigo.

Nilipokuwa nawaandikia majina kwenye madaftari ya shule mpya, nikaandika na langu, mahali pa mlezi. Wa kike akalisoma kwa kidole, herufi kwa herufi. Akamtazama ndugu yake. Ndugu yake akatikisa kichwa, kama kumkataza. Lakini yule si mtu wa kukatazwa.

"Mama mdogo," akasema, "kule tuliambiwa mtu akituuliza mama anaitwa nani, tuseme hili. Huku ni la nani?"

Nikamwambia ni langu.

"Na Mama je?"

Nikamwambia anawe miguu alale.

Nilizima taa saa tatu. Usingizi ulikuja saa nane na nusu.